Hatuombi Kutambuliwa: Barua ya Wazi kwa Wenye Dhamana ya Vitambulisho

Kwa Waheshimiwa mliokabidhiwa kazi ya kusajili raia wa Kenya, kuanzia meza ya karani hapa Lamu hadi makao makuu Nairobi.

Assalaam alaykum, na salamu za heshima kwa wasiotumia salamu hiyo.

MINTARAFU: VIJANA WA KAUNTI YA LAMU KUULIZWA ASILI YAO WANAPOOMBA KITAMBULISHO

Waheshimiwa,

Nawaandikia hadharani kwa kuwa tuliwaandikia kwa faragha hatukujibiwa. Barua zetu mlizipokea, mkazigonga muhuri, na nakala zake tumeziweka. Wazee wetu wamekuja ofisini wakakalishwa kwenye benchi mpaka adhuhuri, kisha wakaambiwa mkubwa ametoka. Tumepitia kwa chifu, tumepitia kwa wanasiasa, na kila mmoja alitupa namba ya simu ya mwenzake. Ofisi yenyewe sitaitaja, wala afisa. Baadhi ya makarani niliwafundisha mimi kusoma na kuandika, na najua wengi wao hutekeleza wanachoagizwa. Ninaosema nao hapa ni waagizaji.

Mimi ni mwalimu mstaafu wa shule za msingi katika kisiwa cha Pate. Miaka yangu yote ya kazi, Jumatatu na Ijumaa asubuhi, nilisimama na watoto mbele ya bendera. Nikiwafundisha wimbo wa taifa, nilipenda kuwaambia jambo ambalo pengine watoto wa kwingine hawaambiwi: sauti ya wimbo huo imetokana na wimbo wa Wapokomo wa kubembeleza mtoto, hao Wapokomo jirani zetu wa Mto Tana. Watoto walikuwa wakigeukiana na kucheka kwa furaha. Walikua wakijua kwamba Kenya haikuletwa kwao kwa lori kutoka Nairobi, na kwamba sehemu yake moja imetoka hapa karibu, kinywani mwa mama aliyekuwa akimlaza mwanawe.

Watoto hao hao wakitimiza miaka 18 huenda kuomba kitambulisho, na swali linalowapokea ni hili: "Nyinyi asili yenu wapi?"

Sheria haikuliweka swali hilo. Limewekwa na mazoea, na kwa asubuhi moja linamfundisha kijana kinyume cha yote niliyomfundisha tangu darasa la kwanza hadi la nane. Yapo malalamiko mengine, nitayataja, lakini yote yana mzizi wake hapo.

1. Tunadaiwa karatasi ambazo serikali yenyewe haikuzitoa

Kijana huja na cheti chake cha kuzaliwa, vitambulisho vya baba na mama, na barua ya chifu. Huambiwa bado. Lete kitambulisho cha babu. Lete cha bibi. Wamefariki? Lete vyeti vya vifo. Huna? Basi lete hati ya shamba.

Nianze na bibi. Wanawake wa Kenya hawakuwa wakipewa vitambulisho mpaka mwishoni mwa miaka ya 1970. Kabla ya hapo usajili ulikuwa wa wanaume peke yao, urithi wa kile kipande cha mkoloni ambacho sheria yake ilitungwa 1915 ili mwajiri wa kizungu ajue kibarua wake amekimbilia wapi. Bibi aliyefariki, tuseme, 1972 alikufa bila kitambulisho kwa sababu dola haikuona haja ya kumpa. Leo mjukuu wake anarudishwa nyumbani kwa kukosa karatasi ambayo haikuchapishwa kamwe. Afisa anayeidai sijui anadhani imefichwa wapi.

Hati ya shamba nayo, historia yake mnaijua kuliko mimi. Sheria ya hati za ardhi ya 1908 iliwataka watu wa Pwani waende kudai ardhi waliyokuwa wakiishi, na ambayo haikudaiwa ikahesabiwa kuwa ya serikali. Mkulima wa Siyu, hapa Pate, ambaye mpaka wa shamba lake ulijulikana kwa mnazi huu na mkwaju ule hakuona kwa nini aende kuomba kilicho chake. Mpaka leo familia nyingi za visiwani hulima, hujenga na kuzika wafu wao katika ardhi isiyo na hati. Kumtaka mtu huyu alete hati ili athibitishe kwao ni kumwambia aliyeibiwa alete risiti.

Na waliokuwa na karatasi, wengi walizipoteza. Wakati wa vita vya Shifta, vya waasi waliotaka kaskazini mashariki ijiunge na Somalia, kati ya 1963 na 1967, Wabajuni, Waswahili wa mwambao huu wa kaskazini, wa vijiji vya bara upande wa Kiunga walikimbia makwao. Wengine walikuja visiwani, wengine wakaishia Malindi na Mombasa. Mtu akiondoka usiku kwa mashua hubeba watoto, habebi mafaili. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilifika Lamu kusikiliza habari hizi, na ripoti yake ikatoka 2013. Ushahidi huo umo katika makabati ya serikali. Karani anayesema "thibitisha mlitoka wapi" angeanza kwa kufungua kabati la mwajiri wake.

Halafu kuna Katiba yenyewe. Ibara ya 14 yasema raia wa kuzaliwa ni yule ambaye siku aliyozaliwa mama yake au baba yake alikuwa raia. Mmoja atosha. Babu hakutajwa. Mama mwenye kitambulisho halali alipewa na nyinyi, vidole vyake mkavichovya wino nyinyi. Mkimdai mwanawe kitambulisho cha nyanya, mnayoitilia shaka ni kazi yenu.

Binti ya ndugu yangu ana nafasi ya chuo kikuu. Baba yake ana kitambulisho, mama yake anacho. Hawezi kuomba mkopo wa masomo, maana mkopo wataka kitambulisho, na kitambulisho chataka karatasi ya mtu aliyefariki kabla yeye hajazaliwa.

2. Mpaka unatumiwa kutushuku, na mpaka wenyewe haukuchorwa na sisi

Swali la asili likiulizwa Lamu, muulizaji huwa ana jibu lake tayari, nalo ni Somalia. Nitalizungumza bila kuzunguka. Ndiyo, Wabajuni wako pande zote mbili. Wako Kiunga, Kiwayu, Ndau na Kizingitini, na wako Chula na Koyama ng'ambo ya mpaka. Wamaasai nao wako Kenya na Tanzania, Wateso wako Kenya na Uganda, Waborana wako Kenya na Ethiopia. Hakuna anayemwambia kijana wa Busia kwamba kwa kuwa ana mjomba Tororo basi yeye si Mkenya.

Tena utazameni huo mpaka. Hadi 1925 Jubaland yote, Kismayu ikiwemo, ilikuwa sehemu ya Kenya ya mkoloni. Mwaka huo Uingereza iliikabidhi Italia kama malipo ya kuungana nayo katika Vita Vikuu vya Kwanza vya Dunia. Kwa hiyo babu aliyezaliwa Kismayu 1920 alizaliwa ndani ya Kenya. Akivuka baadaye kuja Faza kwa shemeji zake, hakuhama nchi aliyozaliwa. Nchi ndiyo iliyokatwa mezani Ulaya na watu wasiomwuliza mvuvi hata mmoja. Nimeona faili la kijana likiwekwa kando kwa sababu ya babu wa aina hiyo, na aliyeliweka kando hakuwa na habari hii.

Visiwa vyetu, pamoja na ule ukanda wa maili kumi wa Pwani, vilihesabiwa kuwa vya Sultani wa Zanzibar, Uingereza ikivisimamia kwa mkataba wa 1895. Oktoba 1963 Jomo Kenyatta na Mohamed Shamte, waziri mkuu wa Zanzibar, walikubaliana viwe sehemu ya Kenya. Tarehe 12 Desemba 1963 tukapata uhuru pamoja na wenzetu wote. Mtu wa Nyeri na mtu wa Kizingitini walikuwa raia wa Kenya usiku mmoja. Hakuna aliyemtangulia mwenzake ili amfungulie mlango.

Ningetaka, ningewapeleka Shanga, hapa hapa kisiwani, penye magofu ya mji uliokuwa na watu tangu karne ya 8, na msikiti wake ni miongoni mwa ya kale kabisa katika mwambao huu. Wengi wetu hupenda kujibu hivyo tukiulizwa asili: njooni muone makaburi. Mimi nimeacha kulitumia jibu hilo, na nitaeleza kwa nini, ingawa najua baadhi ya ndugu zangu hawatapenda.

Mtoto aliyezaliwa Mpeketoni, ambaye babu yake aliletwa na serikali katika mpango wa makazi wa Ziwa Kenyatta miaka ya 1970, ni mtu wa Lamu. Amezaliwa hapa, anasema Kiswahili chetu kuliko lugha ya nyanya yake, na hana Murang'a ya kurudi. Nikisema kwamba haki yangu ya kitambulisho inatokana na makaburi ya karne ya 8, nitakuwa nimemwambia yeye kwamba hana haki. Juni 2014, Mpeketoni, wenye bunduki waliwauliza watu wao ni kina nani kabla ya kuwaua. Makumi ya watu walikufa. Siwafananishi maafisa wa usajili na wauaji, Mungu aepushe. Nasema tu kwamba katika kaunti hii tumeshaona mtu akipimwa kwa asili yake, na hatuna hamu ya kuona tena, iwe ni sisi tunaopimwa au jirani zetu. Wapo kwetu wanaowaita watu wa Mpeketoni "wa bara" hata leo. Hao nawaambia barua hii inawahusu pia.

Nchi iliamua katika Katiba ya 2010 kwamba kipimo ni mzazi raia. Tukae hapo.

3. Fomu ina nafasi ya kabila, na sisi hatuingii

Kijana akisema ni Mswahili, huambiwa hakuna kabila hilo. Akisema Mbajuni, huangaliwa usoni. Mwenye baba wa Amu, yaani mji wa Lamu, na mama Mgiriama huambiwa achague moja haraka, kuna foleni. Kuna aliyeandikiwa kabila na karani bila kuulizwa, na sasa yeye na ndugu yake wa tumbo moja ni wa makabila mawili.

Wakati huo huo Ibara ya 7 ya Katiba inasema lugha ya taifa ni Kiswahili. Mji wa kale wa Lamu umo katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 2001. Milango yetu ya nakshi na majahazi yetu hutumiwa kuvutia watalii, na watoto wa nchi nzima husomeshwa tenzi zilizotungwa Pate na Amu. Milango imeshapata uraia. Wanaoichonga ndio wanaosubiri.

Nimefuatilia namna jamii nyingine zilivyoingizwa. Wamakonde walitembea kwa miguu kutoka Kwale kwenda Nairobi 2016 ndipo wakasikilizwa. Wakenya wenye asili ya Asia walitangazwa kabila la 44 mwaka 2017. Washona walifuata 2020, Wapemba 2023. Nawapongeza wote, na Wapemba ni ndugu zetu wa bahari moja. Lakini mara nyingi ilikuwa ni Rais kwenye jukwaa, watu wanashangilia, na haki ya mtu inatolewa mbele ya kamera mfano wa zawadi ya harusi. Kuna wanaotushauri tufanye kama wao: tuunde kamati, tukamwone mkubwa, tuombe tuwe kabila la kadha.

Hatuombi kutambuliwa. Sisi si jamii iliyopotea ikapatikana. Tumepiga kura katika nchi hii, tumelipa kodi, tumetoa wabunge tangu bunge la kwanza. Tunachotaka ni sheria iliyopo itumike kwetu kama inavyotumika Kitui.

4. Msasa umebadilishwa jina

Tarehe 5 Februari 2025, akiwa Wajir, Rais alitia sahihi tamko la kuondoa msasa, yaani kule kuhojiwa zaidi juu ya asili mbele ya kamati ya wazee na maafisa, kwa waombaji wa vitambulisho wa kaunti za mpakani. Sisi tumepakana na Somalia. Tulifurahi, na misikitini watu waliomba dua. Kwa muda foleni ilikwenda. Kisha likaja neno jipya, "uthibitisho". Kamati ile ya wazee na maafisa imeondoka, lakini maswali yamehamia kwa mtu mmoja mezani, ambaye huuliza yale yale bila wazee wa kumwambia "huyu namjua, ni mtoto wa fulani". Kusema kweli baadhi yetu tumeanza kuikumbuka kamati, na hilo lawatosha kujua hali ilivyo.

Mwenye kofia na mwenye buibui huulizwa zaidi. Ibara ya 27 imekataza ubaguzi kwa dini, kwa kabila, kwa lugha, kwa kuzaliwa, na imetaja hata mavazi. Waliotunga Katiba walijua watakaoisoma.

5. Hamkatai kwa maandishi

Hili ni fupi. Ibara ya 47 inampa mtu aliyeathirika na uamuzi wa ofisi ya umma haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Vijana wetu hawakataliwi. Huambiwa "rudi wiki ijayo". Aliyekataliwa anaweza kukata rufaa. Anayeambiwa arudi hana cha kumpelekea hakimu. Naamini hili linafanywa kwa makusudi.

6. Bahari

Ofisini Nairobi mnapopanga tarehe za usajili, nadhani ramani yenu haina maji. Mtu wa Kiunga au Mkokoni huja mjini kwa boti, na kusi ikishavuma, bahari ile haina masihara. Hulipa nauli, hulala kwa jamaa, hufika mezani akaambiwa mashine ya vidole imeharibika au mtandao umekwama. Waboni wa Mangai na Basuba, ndani ya msitu, wana shida kuliko sisi, na nawataja kwa sababu nadra kuwepo mtu wa kuwaandikia.

Bila kitambulisho kijana hasafiri. Kwenye barabara ya kutoka Mokowe kwenda Garsen abiria huteremshwa vizuizini, mmoja mmoja, mkononi kitambulisho, na asiye nacho hubaki pale na mizigo yake. Hasajili laini ya simu kwa jina lake, hatumi wala kupokea pesa kwa simu. Mvuvi akikutwa baharini na doria hana cha kuonyesha. Bandari imejengwa Lamu, gati la kwanza likafunguliwa Mei 2021, tukaambiwa vijana wajiandae kwa ajira. Langoni pa bandari wanaulizwa nini? Mnajua.

Sasa najua mtakavyojibu, kwa kuwa nimeyasikia.

Mtasema ni usalama. Waheshimiwa, sisi ndio tuliozika. Tangu wageni walipotekwa nyara Kiwayu na Manda 2011, hoteli zilifungwa, uvuvi wa usiku ukapigwa marufuku kwa miaka, kafyu ikaja, na vijana wetu wengine walichukuliwa hawakuonekana tena. Hakuna anayetaka mpaka ulindwe kuliko anayelala kando yake. Lakini hebu tufikiri. Kijana mliyemsajili, mna vidole vyake, picha yake, jina la mama yake na kijiji chake. Kijana mliyemwacha nje hamna habari yake yoyote. Yupi anayeitia nchi hatarini? Na mwenye nia mbaya aliye na fedha hakai kwenye benchi lenu mpaka adhuhuri. Wanaokaa ni maskini waliozaliwa hapa.

Mtasema wazazi wetu huchelewa kuwaandikisha watoto. Kweli, wapo, na nimegombana nao sana nikiwa mwalimu. Mtoto alikuwa akifika darasa la nane ndipo cheti cha kuzaliwa kinatafutwa kwa sababu ya mtihani. Hilo ni kosa la kurekebishwa kwa kuwafikia kina mama kliniki, na haliwezi kuwa sababu ya kumnyima mtu mzima uraia wake.

Mtasema Wakenya wote wanasumbuka, hatukubaguliwa. Mwanafunzi wangu mmoja aliolewa Nakuru. Shemeji yake alipata kitambulisho kwa cheti cha kuzaliwa na nakala za wazazi, basi. Mmoja wenu anionyeshe kijana wa Nyandarua aliyeulizwa kitambulisho cha nyanya yake, nitafuta aya hii.

Na mkisema sheria inampa afisa mamlaka ya kudai ushahidi zaidi, ni kweli inampa, juu ya habari alizotoa mwombaji mwenyewe. Shaka juu ya kisiwa kizima haimo katika sheria. Jambo hili lilipelekwa kwa niaba ya watoto wa Wanubi wa Kenya kwenye Kamati ya Afrika ya Wataalamu wa Haki na Ustawi wa Mtoto, na Machi 2011 Kamati ikaamua kwamba Kenya ilikiuka haki za watoto wao kwa kuwaacha bila uhakika wa utaifa. Serikali imekuwa na uamuzi huo mkononi miaka yote hii.

Tunayoyataka ni haya:

(a) Orodha ya karatasi zinazohitajika ibandikwe ukutani kwa Kiswahili, yenye sahihi na muhuri, na afisa asiruhusiwe kudai kitu kisichomo. Kitambulisho cha mzazi mmoja kiwe ndiyo mwisho wa swali la uraia.

(b) Asiyepewa kitambulisho apewe barua inayosema kwa nini, siku hiyo hiyo, pamoja na jina la anayepokea rufaa.

(c) Familia zilizokimbia wakati wa Shifta zikubaliwe kwa kiapo cha wazee wawili wa kijiji, bila malipo ya wakili.

(d) Nafasi ya kabila iachwe wazi kwa asiyetaka kuijaza, na karani asimjazie mtu.

(e) Timu za usajili zifike Kiunga, Mkokoni, Kiwayu, Ndau na vijiji vya Waboni kwa tarehe zinazotangazwa misikitini na redioni mapema, nje ya msimu wa kusi, ili vijana wawahi kujiandikisha kupiga kura kabla ya uchaguzi wa Agosti 2027. Mje na mashine mbili, moja ikiharibika.

(f) Kila robo mwaka mtangaze, wadi kwa wadi, walioomba ni wangapi, waliopewa ni wangapi, na waliobaki wanasubiri kwa sababu gani.

Mengi ya hayo hayahitaji sheria mpya, wala ziara ya Rais. La (a) laweza kufanyika kesho asubuhi kwa karatasi moja na gundi.

Tunangoja jibu la maandishi, na tungependa lisomwe pia barazani, Faza, mbele ya wazazi, na mmoja wenu awepo kujibu maswali. Mkifika tutawapokea kwa heshima zote. Chai na mahamri vitakuwepo. Tukikosa jibu kufikia mwisho wa mwezi ujao, tutapeleka ombi bungeni kwa mujibu wa Ibara ya 119, na mawakili waliojitolea wako tayari kwenda Mahakama Kuu. Majina ya vijana, tarehe walizorudishwa na walichoambiwa tumeviandika katika daftari. Daftari hilo hatutalichapisha, kwa ajili ya usalama wao, lakini hakimu ataliona.

Wenu katika kuitumikia nchi,

Mwalimu mstaafu, kwa niaba ya wazazi,
Kisiwa cha Pate, Lamu Mashariki.

Nakala: Machifu na manaibu wao, Lamu Mashariki, maimamu na wachungaji wa Kaunti ya Lamu, wazazi wa Mpeketoni, Hindi na Witu wenye shida kama yetu.